Mwanangu, pigia picha zako barabarani

Mlandizi, 24 Novemba 2024

Mama,

Marahaba. Salamu zako nimezipata kwa mdogo wako, na hela ya dawa za mama yako imefika. Mungu akuzidishie.

Nakuandikia kwa kalamu kwa sababu kwenye simu hatumalizi. Nikitaja Kariakoo unaitikia “sawa baba”, halafu unauliza miguu ya mama inaendeleaje, nami naanza kueleza habari za miguu, tunaagana. Jambo langu linabaki palepale. Sasa lisome likiwa limeandikwa: usiingie tena kwenye lile jengo la Kariakoo unakopigia filamu yako. Usishuke shimoni kwake, kile chumba cha chini ya ardhi, usikae ngazini, usisimame hata chini ya kibaraza chake kujikinga mvua.

Ile picha uliyotutumia mwanzoni mwa mwezi, umekaa chini ya ngazi na kamera magotini, kila mtu hapa nyumbani aliiangalia kwa jicho lake. Mama yako aliona umekonda. Mdogo wako aliona viatu vipya. Mimi niliona nguzo iliyo nyuma ya bega lako. Zege limebanduka, nondo ziko nje zimeshika kutu, na ringi, vile vyuma vya kuzifunga nondo, zimeachana mno, aliyezifunga aliambiwa abane chuma. Chini kabisa, nguzo inapokutana na jamvi, ile sakafu ya zege, pana alama ya maji. Nilikupigia siku ileile. Ukasema hapo ndipo mwanga unapoingia vizuri.

Halafu ikaja Jumamosi ya tarehe 16. Redio ilipotangaza kwamba ghorofa limeanguka Kariakoo, mama yako hakungoja kusikia ni mtaa gani. Alipiga simu, hupatikani. Nikapiga mimi, hupatikani. Kumbe ulikuwa chumbani kwako Ilala, madirisha umeyaziba kwa mablanketi, unasafisha mkanda wa filamu, na simu umeizima ili mwanga wake usiziunguze picha. Sababu nimeielewa. Nawe elewa tulivyokaa hapa mpaka saa saba mchana. Mama yako alikuwa anaitaja mitaa kama anayevuta tasbihi, Kongo, Mchikichi, Sikukuu, Swahili, Aggrey, anarudi mwanzo. Mtaa wenyewe ulipotajwa, ulikuwa hatua chache kutoka kwenye ngazi yako.

Waliokufa wametajwa kupita ishirini. Wapo waliokaa chini ya kifusi wakiwa hai, wanasikika sauti, na vijana wakawafuata kwa nyundo na mikono mitupu. Kuhusu kilichoangusha, Serikali imeunda tume ya kukagua majengo ya Kariakoo, itasema. Mimi nakueleza ninachokijua kwa kazi yangu. Jengo lililochorwa kwa ghorofa nne linabeba ghorofa nne. Mwenye nyumba akiona fremu moja ya duka Kariakoo inavyomlipa, anataka fremu nyingine, na juu akikosa nafasi anachimba chini. Ukichimba ubavuni mwa msingi ambao tayari umebeba, unauondolea udongo uliokuwa unaushikilia. Nguzo inakosa pa kukanyaga. Na Kariakoo maji hayako mbali, ukishuka kidogo unakuta mchanga umelowa. Kisha nondo zikiguswa na maji zinashika kutu, kutu inavimba, inalisukuma zege kwa ndani mpaka linapasuka na kubanduka. Ndicho nilichokiona nyuma ya bega lako.

Najua utajibu kwamba hata soko kuu lina shimo na watu wanauza humo miaka yote. Soko lile usiniambie mimi. Nilikuwa saidia fundi, kijana asiye na ndevu, nimepandisha karai za zege pale. Aliyelichora ni Mtanzania, Beda Amuli. Ile miavuli ya zege ya juu haikuwekwa kwa urembo, inakinga mvua na kuyateremsha maji hadi kwenye tangi la chini. Shimo lake lilikuwamo kwenye mchoro tangu mwanzo, na kuta zake zilijengwa za kuzuia udongo. Lilifunguliwa mwaka 1975. Julai 2021 likaungua, na pamoja na moto wote ule zege lilisimama, ndiyo maana wameweza kulikarabati badala ya kulilaza chini. Uliposhinda chini ya miavuli ile na kamera yako, mvua na jua, umewahi kunisikia nikikukataza? Sikukukataza. Nilimwambia mama yako, mtoto yuko mahali salama, nguzo zile nazifahamu.

Hili la sasa silifahamu, na ninachokiona kwenye picha kinatosha.

Nikuambie na jambo la siku ile ya Mikocheni, pale Nafasi, kile kituo cha sanaa, uliponialika kuangalia filamu yako nikaondoka kabla ya chai ukaninunia. Watu walidhani mzee amechoka kwa sababu filamu haina hadithi. Ni kweli mwanzoni nilingoja hadithi. Nilijiuliza kwa nini ukuta unabaki mbele ya macho muda wote ule, kimya, mpaka mtu anakohoa, na kwa nini mlango unafunguliwa, unafungwa, unafunguliwa tena. Kisha ikaja nyumba ya Mtaa wa Likoma. Ukaweka ile picha ya kabatini ya yule bibi, ukaitupia juu ya ghorofa lililopo leo, vioo vyake vikawa vinaonekana kupitia baraza. Bibi anataja kwa sauti nani alilala chumba gani, kulia, kushoto, mpaka uani. Nyumba ya vyumba sita, ukumbi katikati, jikoni nyuma.

Nyumba ile nilikuwa kwenye kikosi kilichoibomoa. Ilikuwa kazi ya halali, mwenye kiwanja alikuwa na karatasi zake, na mimi nilikuwa na watoto. Ukuta wa fito na udongo ulitoka kirahisi, lakini boriti hazikutaka. Mikoko ya Rufiji ile, imekaa darini miaka mingi kuliko umri wangu, ukiigonga inaitikia. Tuliziuza Buguruni. Ada yako ya muhula ule ilitoka kwenye boriti zile, na mama yako analikumbuka hilo. Hayo ndiyo niliyokuwa nayo kifuani, nikaona nikikaa kwenye chai na wageni wako nitaulizwa “mzee umeionaje?” nami sina la kusema mbele za watu.

Leo nalisema. Kazi ile ni nzuri. Ni nzuri kwa sababu hukuweka muziki wa kutafuta machozi, na kwa sababu ulimwacha bibi akosee, akamtaja mtu mmoja kwenye vyumba viwili, hukumkata. Mji huu unajengwa na watu wasioandikwa popote na unabomolewa na walewale. Nani ataonyesha? Nimeona umeonyesha mpaka alama ya mafuta ya nywele ukutani, pale watu walipokuwa wakiegemeza vichwa barazani. Mimi alama hizo nilizipiga sululu bila kuziangalia.

Lakini hebu kumbuka nyumba ile uliipataje. Ulikaa na wazee kwenye mikeka, ukanywa kahawa yao, ukaomba picha zao ukazirudisha. Haikuhitaji mtu kukaa chini ya nguzo iliyopasuka. Sasa unaniambia unatafuta sauti ya shimoni, jenereta, maguta ya mizigo yanayopita juu yanavyosikika kupitia dari, kwa sababu sauti hiyo ikipotea hairudi. Iache ipotee. Nasema hivyo nikijua unavyochukia neno hilo. Nimepoteza nyumba nyingi za mji ule kwa mikono yangu, na bado ninalala. Ukipotea wewe sitalala.

Mwaka 2013, Ijumaa Kuu, ghorofa 16 la Mtaa wa Indira Gandhi lilipoanguka likaua watu 36, ulikuwa bado shuleni, hukuona tulivyokuwa sisi wa kazi hii. Baada ya pale alinijia mtu anataka nimwongezee ghorofa juu ya nguzo zilizopigwa kwa nyumba ya chini tu. Nikakataa. Alipata fundi mwingine wiki ileile, na jengo likapanda. Nilidhani kukataa kunatosha, sikwenda manispaa. Jengo lipo mpaka leo na lina wapangaji. Kila nikipita na basi nahesabu ghorofa zake kuona kama zimetimia.

Kwa hiyo ninaposema toka, usichukue kuwa ni woga wa mzee anayekaa shamba.

Jifunze kuangalia jengo kabla ya kuangalia mwanga. Ufa mwembamba wa plasta usikutishe, plasta inapasuka kwa jua tu. Ufa unaokwenda mshazari kutoka pembe ya dirisha au ya mlango, huo uogope. Ufa ndani ya nguzo au bimu, ondoka. Mlango uliokuwa ukifunga vizuri juzi na leo unakwama, ondoka. Mchanga ukidondoka darini bila mtu kugonga, usigeuke kuchukua kamera, kamera tutanunua. Zamani tulikuwa tunabandika kipande cha kioo juu ya ufa, pande zote mbili kwa saruji. Kioo kikikatika, ufa unatembea. Watu wa siku hizi wanapaka rangi juu yake. Na jengo jipya nalo usiliamini kwa upya wake. Zege linataka siku 28 kufika kwenye nguvu iliyopigiwa hesabu, na siku za mwanzo linataka kumwagiliwa maji. Nimeona watu wanatoa miti ya kuegemeza mapema kwa sababu mpangaji ameshalipa kodi ya mwaka.

Uliwahi kunieleza habari za yule mwanamke wa Ubelgiji, Chantal Akerman, aliyechukua barua alizotumiwa na mama yake akazisoma juu ya picha za New York. Ukasema ungependa na sisi tuandike. Basi nimeandika. Ukitaka kuisoma juu ya picha zako sina kizuizi, ila isome yote, na sehemu ya nondo na ringi usiiruke kwa kuona haina utamu. Na nilichokiona kwenye vile vipande ulivyonionyesha ni kwamba kamera yake ilisimama barabarani na kwenye treni zao, mahali ambapo kila mtu anapita. Amepata mji mzima kwa kusimama. Wewe nawe simama ng'ambo ya barabara. Nenda saa kumi na mbili asubuhi kabla wamachinga hawajatandika, au panda kwenye jengo ulilolikagua upige kutoka dirishani. Ukikaa ng'ambo utaona hata zaidi, utaona jengo lote na watu wanaoingia, badala ya ngazi moja.

Na ukipiga barabarani uwe na barua ya serikali ya mtaa mfukoni. Uchaguzi ni Jumatano hii, ngoja mwenyekiti apatikane ndipo uende kuomba, usije ukapewa barua na mtu ambaye wiki ijayo hayumo. Siku hizi baada ya ajali watu wa mitaa ile wana uchungu, anayelenga kamera kwenye kifusi wanamwona anafanyia biashara msiba wao. Usipige kifusi. Kama kuna mfiwa unayemfahamu, nenda kwanza na mkono wa pole bila kamera. Hilo najua mama yako amekufundisha, nalirudia tu.

Mambo ya hapa nyumbani ni haya. Mdogo wako anamaliza mtihani wa kidato cha nne wiki hii. Hesabu anasema ilikuwa ngumu, lakini anakula vizuri. Tayari anaulizia kuja kwako Ilala kukusaidia kubeba vyombo. Nitamruhusu ukiniahidi kwa maandishi habari ya lile jengo, si kwa “sawa baba”.

Mama yako miguu inavimba jioni, asubuhi inashuka. Daktari amemkataza chumvi, naye anaitia kwenye mboga nikigeuka. Ongea naye wewe.

Ile mikanda yako uliyoiweka kwenye friji tumeiacha ilipo, ila mama yako analalamika inakaa nafasi ya samaki, na umeme wa LUKU unakwenda haraka tangu tulipoacha kulizima usiku. Sikudai, nakuarifu. Kahawa ya kopo uliyoimaliza kwa kusafishia picha uani, pamoja na magadi na vidonge vya vitamini, bado haijarudishwa kabatini. Harufu ilikaa kwenye ndoo ya kufulia siku nyingi. Picha zilizotoka, lakini, zile za mama yako anachambua mchele, nimezipigilia ukutani sebuleni. Jirani anauliza ni za mwaka gani.

Lililo zito ni lile sanduku la mikanda ya zamani ulilolileta baada ya Idi. Limeanza kunuka siki. Ulinieleza mwenyewe kwamba mkanda ukinuka siki umeanza kufa, na joto na unyevu ndivyo vinavyouua. Chumba cha nyuma mchana hakikaliki, na sasa vuli imeanza, bati lile la kona limeachia, maji yanaingia. Nimelisogeza sanduku kitandani kwangu na kulifunika, lakini hapo si mahali pake. Ukilitafutia mahali pa baridi pale mjini, penye watu wanaojua kutunza vitu hivyo, litakaa miaka mingi. Hiyo ndiyo kumbukumbu inayokungoja uiokoe mwanangu, iko chumbani kwangu, na hakuna ghorofa juu yake.

Njoo Jumapili ulichukue. Mama yako atapika pilau ukisema mapema. Bati la kona nitaliziba mwenyewe, ngazi atashika mdogo wako, usianze kunipigia simu kuhusu umri. Ninachokosa ni misumari ya bati, kilo mbili, yenye raba. Gari la Mlandizi utalipandia pale Mbezi, na maduka ya vifaa yapo hapohapo. Bei yao imezidi kidogo, nitakurudishia tofauti. Usiifuate Kariakoo.

Baba yako